Pamba Moja, Vitanda Viwili

Kope za yule mzee zilifunga wakati pamba imekwisha kuondoka. Ndiyo mwanzo wa yote, na lilikuwa jambo dogo kiasi kwamba nesi aliyeishika ile pamba nusura asilitaje hata kwa daktari aliyesimama begani kwake.

Na huyu nesi hakuwa mgeni wa macho ya watu. Tangu apangwe wodi ya wagonjwa mahututi, kazi ya kuandaa pamba ilikuwa yake. Anachuna kipande, anakisokota kwa ncha za vidole mpaka kinatoa uzi mwembamba kuliko unywele, anakilaza kwenye sahani ya chuma, kipande kimoja kwa kila jicho. Mgonjwa aliyezimia haulizwi anajisikiaje. Linaulizwa jicho lake. Unamfungua kope taratibu, unakuja na pamba kutoka pembeni, si kwa mbele, maana akiiona inakuja atapepesa kwa woga tu na wewe utadanganyika. Halafu unagusa kioo cha jicho, pale juu ya mboni, si kwenye weupe. Mtu ambaye kichwa chake bado kina mwenyewe atapepesa. Na ukigusa jicho moja yanafumba yote mawili, kwa mpigo mmoja, kama watoto walioitwa kula.

Ya mzee hayakufumba hivyo. Lilifumba la kulia, pakapita kimya, ndipo likafumba la kushoto, na hapo pamba ilishakuwa hewani.

"Umeona kitu?" daktari akauliza.

"Sijui, daktari. Kama amepepesa, kama hajapepesa."

"Basi hajapepesa. Tutarudia mchana."

Mzee mwenyewe hakuwa na jina wala mtu wa kumuulizia. Wapita njia walimkuta amejilaza ndani ya tanuri la matofali lililoachwa siku nyingi, mwili hauna hata mkwaruzo, macho wazi. Tangu alipoingizwa, wodi ilinuka jivu lililomwagiwa maji. Wafanya usafi walipiga deki, wakarudia, harufu iko palepale, na mmoja wao akatania kwamba mzee huyu alikuwa akioga jikoni.

Kitanda cha pili alilala kaka yake nesi, na hapo ndipo hadithi inapoanza kuuma. Kaka mtu alikuwa fundi wa kuchomelea, mtu wa mageti na milango ya chuma, na kila mtu alimwita Fundi, hata mkewe. Aliteleza juu ya paa akiunga vyuma, akaanguka kichwa mbele, na tangu hapo hakuwa amefumbua mdomo. Hospitali haipendi nesi amhudumie ndugu yake, lakini wauguzi walikuwa wachache na daktari alikuwa mama mwenye huruma, akajifanya hajui. Wazazi walikwisha tangulia. Fundi ndiye aliyemlea huyu mdogo wake, na akiondoka yeye, hatabaki mtu duniani aliyemjua nesi huyu akiwa na magoti ya vumbi.

Kwa Fundi hakuwa nesi wala Sista kama walivyomwita wodini. Alikuwa Kope. Utotoni walishindana kukodoleana macho, atakayepepesa kwanza ndiye anayeosha vyombo, na yeye aliviosha vyombo vya nyumba ile mpaka siku aliyokwenda chuo. Jina likamkaa. Baadaye cheche ya chuma ilimruka Fundi ikamuunguza jicho la kulia, ikaacha kovu juu ya kioo. Kuona lilikuwa linaona kidogo, ila kuhisi, hakuna. Kope alipokuwa akisomea kazi aliifanyia mazoezi familia nzima kwa pamba. Ukigusa jicho la kushoto la Fundi, yote mawili yalifumba. Ukigusa la kulia, yote mawili yanakutazama tu, na pamba iko juu yake. Fundi alicheka akashika mbavu. "Sasa hunishindi mpaka kiyama," akamwambia.

Hayo yote Kope alishamweleza daktari, ili asije akaliona jicho la kulia limetulia akadhani mtu amekwisha.

"Haya, twende kwa Fundi," daktari akasema asubuhi ile. Wakati huohuo mashine ya mzee ikaanza kulia, daktari akaigeukia, na Kope, masikio yako huku na mikono iko kule, akafungua kope za kaka yake akagusa jicho la kulia. Halikupepesa. Ilikuwa sawa, ndivyo lilivyo. Ndipo alipoitazama sahani akaona vipande vya kaka yake bado vimelala, havijaguswa hata kimoja. Kilichokuwa kidoleni mwake ni kile cha mzee.

Hakuna nesi asiyejua kwamba pamba ya jicho la mtu haiendi jicho la mwingine. Akaitupa kwenye ndoo ya taka, akamtia kaka yake dawa ya matone, akajiambia ni vijidudu tu, na vijidudu vina dawa. Hakumwambia mtu. Mzee alikata roho kabla ya chakula cha mchana, wakamfunika wakamtoa. Harufu ya jivu ikahama kitanda chake. Wodini haikutoka.

Kesho yake daktari mwenyewe alishika pamba. Akagusa jicho la kulia la Fundi, na jicho la kulia likafumba.

"Sista, njoo uone. Lile jicho lako bovu limehisi."

Kope alikuja akaona. Daktari akagusa tena, na tena likafumba la kulia, pakapita kimya, likafumba la kushoto. Daktari alikuwa anatabasamu. Alisema makovu mengine hulegea na mwili una maajabu yake, na hakuna aliyeweza kumlaumu, kwa sababu jioni ile Fundi alianza kuvuta pumzi mwenyewe, na siku zilizofuata akakaa kitako, akaomba maji. Wodi nzima ilishangilia. Watu wa mahututi hawapati furaha nyingi, kwa hiyo iliyopo huila yote.

Kope alimshika mkono kaka yake. Ulikuwa wa moto, lakini kipimo kilisema hana homa.

"Kaka, mimi ni nani?"

Fundi alimgeuzia uso, akamtazama muda mrefu. "Wewe ni Sista," akasema.

Ndivyo kila mtu alivyomwita wodini. Ndivyo ambavyo angejua mtu aliyekuwa amelala pale akisikiliza.

Akaruhusiwa kwenda nyumbani. Mke wa Fundi alikuwa mwanamke mchangamfu, mwenye maneno ya kuchekesha hata msibani, na Kope alipopiga simu kuuliza hali alikuwa akijibiwa kwa utani: "Wifi, kaka yako anakula, anakunywa, kazi imebaki ni kunigombeza." Kisha utani ukapungua. Kisha simu ikawa haipokelewi. Halafu mchana mmoja wifi mtu akaja mwenyewe hospitali, akamvuta Kope mpaka penye mabomba ya kufulia mashuka, akazungumza kwa sauti ya chini ingawa maji yalikuwa yakimwagika kwa kelele.

"Wifi, hapepesi."

"Nani?"

"Nani tena? Mume wangu. Nikimtazama anapepesa. Nikigeuka, nikimchungulia kwenye kioo cha kabati, macho yako wazi tu, kama ya samaki. Nimemmwagia povu la sabuni usoni, nikajifanya bahati mbaya. Limemwingia machoni, ananitazama. Mpaka nilipopepesa mimi, ndipo na yeye akapepesa."

Kope alitaka kumwambia ni uchovu.

"Na ile harufu," wifi akaendelea. "Nimeosha mashuka, nimeanika godoro. Nyumba inanuka kama jiko lililozimwa. Kuna nini, wifi? Nieleze wewe uliyesoma."

Wakaenda pamoja mchana uleule. Karakana ya Fundi ilikuwa mbele ya nyumba, kuta za mabati, sakafu imejaa vipande vya chuma. Mwenzake wa kazi alikuwa anaunga geti, kinyago cha kuchomelea usoni, na Fundi alikuwa amekaa kwenye kigoda mbele yake, karibu kabisa, uso mtupu, akiutazama ule mwanga wa buluu ambao hata paka huukimbia. Hakukunja uso. Cheche zilimrukia mashavuni zikazimika zenyewe. Mwenzake alizima mashine, akavua kinyago, akamwambia Kope kwa kunong'ona, "Dada, mimi kesho siji. Kila nikizima ananiambia washa," akakusanya vifaa vyake akaondoka bila kunawa.

Kope alichuchumaa mbele ya kaka yake. Jicho la kulia, lile la kovu, lilikuwa limemkazia, kavu, linang'aa. La kushoto halikumtazama. Lilikuwa limeelekea chini, na machozi yalikuwa yanatoka ndani yake polepole, yanashuka shavuni, yanadondokea shatini, na shati upande ule lilikuwa limelowa kwa namna inayoonyesha kwamba machozi hayo hayakuanza leo.

"Yanatoka hivyo tangu mlipomruhusu," wifi akanong'ona. "Zamani yalikuwa mengi. Sasa yanapungua."

Hapo Kope alilia. Akasema lote, la mzee, la sahani, la pamba, palepale mbele ya wifi yake, na wifi hakumtukana. Alikunja kitambaa chake cha kichwa, akakikunjua, mwishowe akasema, "Maji yakimwagika hayazoleki. Twende kwa Babu Chumvi."

Babu Chumvi alikuwa mganga, mzee mfupi mwenye hasira za karibu, chumba chake kiko nyuma ya duka la matairi. Kope alikuwa akipita pale kila siku kwenda kazini na hajawahi kugeuza shingo.

"Shikamoo, babu."

"Marahaba. Ninyi wa hospitali mnakuja kwangu mkishachoka. Na mnaingia kwa mlango wa nyuma, kama mtu anayemkwepa mkwewe. Kaa."

Alisikiliza amefumba macho. Aliuliza swali moja tu: "Lilipitia wapi?"

"Kwenye pamba, babu. Nilimgusa mzee jichoni, nikamgusa kaka."

"Nimesikia limepitia kwenye chanuo, kwenye kiatu, kwenye maji ya kisima. Pamba ya hospitali, hilo jipya. Dunia inaendelea." Akakohoa. "Hilo ni jini la tanuri. Moto ulipozimwa likakosa makao, likamwingia huyo mzee aliyejilaza ndani. Mzee akachakaa. Kitanda cha pili kuna fundi wa moto, na wewe ukaja ukaliwekea daraja. Watu husema mgeni njoo, mwenyeji apone. Huyu mgeni wako ni wa kinyume."

"Kaka yangu bado yupo?"

"Si umesema jicho la kushoto linalia? Ndiye huyo, amesukumiwa chumba cha nyuma. Siku litakapokauka msinisumbue."

Akawaeleza. Litatoka lilipoingilia, jicho la kulia, na kwa chombo kilekile, pamba. Ila likiiona inakuja litajikita, kwa hiyo liwe linatazama kitu linachokipenda, na pamba ije kutoka pembeni. Hilo Kope alilijua tayari, maana ndivyo alivyofundishwa chuoni.

"Halafu niichome?"

"Uichome? Moto ndio kwao, mwanangu. Uitie kwenye chupa ya maji ya chumvi, ufunge. Maji yatachafuka yenyewe, yawe kama ya jivu. Ukiyaona hivyo, limekwisha. Na nisikilize vizuri. Ikitoka jichoni, iende kwenye chupa. Usianze kuishika huku unafanya mambo mengine."

Walifanya kesho yake, jua likiwa juu, mlango wa karakana umefungwa. Wifi alivaa kinyago cha mumewe. Alikuwa amemsaidia kazi miaka mingi na kuwasha mashine hakukumshinda. Kope alisokota vipande viwili vya pamba, kimoja cha kutolea, kimoja cha kupimia baadaye, akaweka chupa ya maji ya chumvi juu ya fuawe. Fundi alikaa kwenye kigoda chake.

"Washa," Fundi akasema, hakuna aliyemuuliza.

Wifi akagusisha fimbo ya kuchomelea kwenye chuma. Karakana ikawa buluu, na uso wa Fundi ukafunguka kwa raha ambayo Kope hakuwahi kuiona juu ya uso ule, na Kope, mgongo ameupa mwanga, macho yanamuwasha kwa miali inayorudi kutoka mabatini, akaanza kusogea kutoka ubavuni, mkono umeegemea kwenye sikio la kaka yake kama anavyoegemea siku zote ili usitetemeke, na alipoinama kulitazama lile jicho aliuona ule mwanga mdogo ndani yake, na nyuma ya mwanga, mahali ambapo hapapaswi kuwa na kitu ila giza, aliona umbo limesimama, dogo, limeegemea kioo kama mtu anayetazama nje dirishani, na kabla halijageuka akagusa.

Kope za kulia zikafunga. Zikaibana pamba. Pakapita kimya, zikafunga za kushoto.

"Sista," sauti ikasema, na midomo ya Fundi haikutikisika. "Kwako kuna moto?"

Kope aliishikilia pamba palepale, na pamba ikaanza kupata joto, ikapanda joto mpaka vidole vikataka kuiachia, na harufu ya jivu ikafumuka kutoka kila pembe ya karakana, kutoka mabatini, kutoka shatini mwa kaka yake, kutoka kwenye nywele zake yeye mwenyewe, ikaja yote mahali pamoja, ikajikusanya kwenye ncha ya vidole vyake, halafu ghafla kope zikalegea na pamba ikachomoka.

"Zima, wifi."

Mashine ikazimika. Kope alikuwa haoni vizuri, macho yanawaka kwa ule mwanga. Ile pamba akaiweka kati ya vidole vya mkono wa kushoto, kwa kitambo kidogo tu, kwa sababu mikono ya nesi haijui kumaliza kazi bila kupima. Kwa mkono wa kulia akachukua kipande kipya. Akagusa jicho la kulia la Fundi. Likamtazama tu, halikuhisi kitu. Akagusa la kushoto. Yakafumba yote mawili, kwa mpigo mmoja.

"Kope," Fundi akasema, sauti imekauka, "hebu niondolee huo uchafu wako machoni."

Lo, furaha aliyoisikia. Akakaa chini kwenye vyuma. Wifi alitupa kinyago akamkumbatia mumewe, wakawa wanacheka na kulia watu watatu kwa pamoja, na Kope, machozi yanamchuruzika, macho yanamuwasha, akajifuta kwa mkono uliokuwa karibu, wa kushoto. Halafu akakumbuka chupa. Pamba ya mkono wa kushoto akaidumbukiza kwenye maji ya chumvi, akakaza kifuniko.

Wakakaa wakiitazama. Maji yalibaki meupe.

"Labda yanachukua muda," wifi akasema.

"Yanachukua muda," Kope akakubali. Akaenda na chupa kwake, akaiweka juu ya friji, na kila akitoka kazini aliitazama. Pamba ilikuwa imelala chini ya maji safi kama ya kunywa.

Fundi akapona sawasawa. Akaanza kwa kwenda kichochoroni na kurudi, akafika dukani, akagombana na mteja, na mkewe akapata tena mambo ya kuchekesha. Mwenzake wa kazi alirudi. Nyumba ilinuka sabuni na chakula. Wodini nako harufu iliisha, ingawa wafanya usafi walianza kuulizana ni nani analeta jivu kwenye chumba cha kubadilishia nguo cha wauguzi.

Jumapili moja Kope alikwenda kuwasalimia. Walikula, wifi akaenda kuchemsha chai, na ndugu wawili wakabaki mezani na vyombo vichafu mbele yao.

"Nani anaosha?" Fundi akauliza.

"Wewe. Mgonjwa amepona."

"Tushindane. Atakayepepesa kwanza."

"Si haki, una jicho bovu."

"Na lingine zima. Acha visingizio, Kope."

Wakaegemea viwiko mezani, wakakodoleana macho kama zamani. Fundi alianza kutabasamu, kwa kuwa mdogo wake hakuwahi kumaliza hata pumzi tano. Wifi alisikika jikoni akiimba. Nzi alitua ukingoni mwa sahani, akaruka, akatua kwenye kope ya chini ya Kope, akatembea juu yake. Jicho la kushoto la Fundi likajaa maji. Tabasamu lake likaanza kukaa vibaya usoni, na akaendelea kuvumilia kwa muda ambao hakuwa na sababu ya kuuvumilia isipokuwa kwamba alikuwa anasubiri mdogo wake apepese, anamwomba kwa moyo apepese, mpaka chozi likaanguka na macho yake yakafumba yenyewe.

"Umenishinda," akasema kwa sauti ndogo. "Haya, pepesa."

Kope alikuwa hajajua kwamba hajapepesa. Hakuwashwa. Hakuhisi kitu. Aliinua kidole akaligusa jicho lake, pale juu ya mboni, na lilikuwa kama anagusa kioo cha saa ya mtu mwingine.

"Kope. Pepesa, mdogo wangu. Tafadhali."

Akajitahidi. Akaziamuru kope zake kama mtu anavyomuita mtoto aliyeko chumba cha mbali, na kwa muda hazikuitika. Halafu zikafunga za kulia. Jikoni wifi aliwasha jiko la mafuta, na kichwa cha Kope kikageuka kuelekea huko kabla hajataka kukigeuza.

Pakapita kimya, zikafunga za kushoto.